Kwangu ni Pedioni

Nimeolewa kwa sababu ya neno ambalo halimo katika kamusi yoyote niliyowahi kufungua, na nusura nisiolewe kwa sababu ya neno hilohilo. Wenzangu wakisimulia walivyochumbiana hutaja dansi, kwaya, au msiba wa jirani ambako walikutanishwa na kazi ya kumenya ndizi. Mimi nikisimulia yangu inabidi kwanza nitoe somo la mawe, na wageni wengi huwa wameshaaga kabla sijafika kwenye posa. Wewe usiage, somo lenyewe ni fupi.

Ilikuwa miaka ile ya ruksa, biashara ilipofunguliwa na Tukuyu ikajaa vitu. Sisi tuliozoea kupanga foleni ya sabuni tuliamka tukakuta sabuni zina rangi, zina harufu ya maua, na karatasi zake zina picha ya mwanamke anayeoga huku anacheka, jambo ambalo kwa baridi ya Tukuyu hakuna aliyeliamini. Nilikuwa nauza mitumba sokoni. Nilichagua makoti, kwa sababu mahali panaponyesha karibu mwaka mzima muuza makoti halali njaa, na kwa sababu nilikuwa na mdomo wa kumshawishi mtu kwamba koti la kike lenye mabega mapana lilishonwa kwa ajili ya wachungaji.

Siku moja akaja mwanamume mwembamba akiulizia koti lenye mifuko mingi. Hakuuliza bei wala rangi. Aliingiza mkono katika kila mfuko, akapapasa mpaka kwenye bitana. Nikamwambia hapa si kituo cha polisi, makoti hayapekuliwi. Akacheka, akatoa mawe kwenye suruali yake, akaanza kuyagawa katika mifuko ya koti langu kabla hajalilipia. Nilitaka kumfukuza. Badala yake nikamshikia koti ili ayapange vizuri.

Alikuwa amesomea madini, akaajiriwa na shirika la umma, kisha shirika likapunguza watu naye akapunguzwa. Sasa alikuwa dalali wa vito, maana serikali ilikuwa imeruhusu watu binafsi kununua na kuuza mawe, na kila aliyekuwa na viatu vya kufunga kamba alijiita dalali. Tofauti yake na wenzake ni kwamba wao waliyapenda mawe yakiuzika. Yeye aliyapenda hata yasipouzika, na wakati mwingine nilihisi aliyapenda zaidi yasipouzika.

Lililokuwa mboni ya jicho lake ni tomalini ya kijani, ndogo kama kidole cha mtoto. Upande mmoja ilikuwa imechongoka, upande wa pili ilikuwa bapa. Wanunuzi waliishika, wakaigeuza, wakasema imevunjika, wakairudisha. Hapo alikuwa akipandwa na hasira kama ametukaniwa mama. Aliiweka juu ya rundo langu la makoti akaniambia haikuvunjika, imezaliwa hivyo, na ule uso bapa una jina lake.

Somo ndilo hili. Jiwe likikua lenyewe kwa mpangilio, likatoka na nyuso zake na ncha zake, huitwa fuwele. Nyuso za fuwele kwa kawaida huja na wenzao. Ukiona uso huku, tafuta mwenzake kule. Wawili wakiwa wametazamana sambamba, mmoja mbele na mmoja nyuma, jozi hiyo huitwa pinakoidi, na asili yake ni neno la Kigiriki la ubao. Lakini kwa nadra hutokea uso mmoja ambao hauna mwenzake popote katika fuwele nzima, hata uigeuze vipi. Huo ndio pedioni. Nalo ni la Kigiriki, maana yake uwanda, mahali tambarare. Alisema hata watu wa fani yenyewe hulitumia mara chache, kama sufuria kubwa ya harusi, lakini siku likihitajika hakuna jingine linalofaa.

Nikamwuliza, "Unanieleza yote haya ili ninunue jiwe?"

"Hapana," akasema. "Nakueleza kwa sababu wewe kwangu ni pedioni."

Wakati huo pedi za kina mama ndiyo kwanza zilikuwa zimeanza kuonekana madukani, tena zikifungwa kwenye gazeti kama nyama. Nikadhani ananitukana. Nikamrushia koti la mtoto usoni. Alipolitoa akaeleza upya, taratibu: uso usio na mwenzake popote. Nikamgeuzia mgongo nikajifanya napanga soksi. Nilifurahi mpaka masikio yakawaka, na sikutaka ayaone.

Sasa nimtaje baba yangu. Alikuwa mkulima wa ndizi na kahawa kule Masoko, mtu wa maneno machache, na alikuwa na hofu moja. Dada yangu mkubwa aliolewa na mtu aliyesema kwao ni karibu tu, kumbe hiyo karibu yake ilikuwa huko upande wa Rukwa, mahali ambapo ukidhani umefika wanakuambia bado. Dada aliondoka na sanduku lake na hatukumwona tena. Habari zake zilikuja kwa midomo ya wapita njia: amejifungua, anaumwa, amepona. Baba hakulalamika hata siku moja, ila alihamisha kiti chake kutoka uani akakiweka mbele ya nyumba, kikitazama barabara. Mama alisema anaota jua. Kwa mvua ya kwetu, sijui jua hilo aliliota saa ngapi.

Kwa hiyo mchumba wangu alipotaka kuleta posa nilimwonya jambo moja tu, kwamba baba asisikie kitu chochote cha mbali. Akasema niondoe wasiwasi, yeye atakuwa hapahapa Tukuyu. Kisha akaenda kuchagua mshenga, na hapo akaharibu.

Mshenga aliyemchagua alikuwa jirani yake, fundi cherehani, mzee wa Kiislamu ambaye babu zake walitoka pwani. Yeye mwenyewe alizaliwa Tukuyu, na pwani alikwenda mara moja, akaugua malaria, akarudi. Hata hivyo aliamini kwamba Kiswahili kimewekwa mikononi mwake kwa amana. Ukimpelekea suruali alikusahihisha sentensi kwanza, ndipo achukue vipimo. Msibani alisahihisha matangazo. Mchumba wangu alimpenda kwa ufasaha wake, akamfungulia moyo, akamwomba ayafikishe maneno kama yalivyo: "Mwambie mzee kwamba binti yake kwangu ni pedioni."

Fundi akaenda Masoko na kanzu nyeupe iliyofika ikiwa nyeupe nusu. Akapokelewa, akala mbalaga, zile ndizi zetu za kupika, akasifu, akaomba kuongezewa, kisha akafikisha ujumbe. Mimi sikuwapo. Lakini shangazi yangu, dada yake baba, alinisimulia mara nyingi kiasi kwamba naweza kumwigiza fundi mpaka kikohozi chake.

"Kijana ana adabu," alisema, "ana elimu, na nia yake kwa binti yenu ni safi. Amenituma niseme wazi, asije akalaumiwa baadaye. Kwake ni Pedioni."

Watu wakatazamana. Baba akauliza, "Pelio?" Maana kwa ulimi wa Kinyakyusa ile d ililainika yenyewe njiani. "Pelio ni wapi?"

"Ni mbali kidogo," akajibu fundi, ambaye tangu azaliwe hakuwahi kusema sijui.

Haikupita wiki, Masoko nzima ikawa inaijua Pedio. Jirani mmoja aliyewahi kuhangaika na dhahabu alisema amelala huko, ni mbele ya Chunya, joto kali na maji yana chumvi. Utingo wa basi alikataa katakata, akasema Pedio iko upande wa Zambia na yeye ameshusha abiria pale kwa mikono yake. Mwanakwaya mmoja alionyesha kitenge akasema kimetoka huko tangu mipaka ilegezwe, na ni kweli kilikuwa hakichuji. Walibishana juu ya barabara, hali ya hewa na tabia za wenyeji. Jambo moja tu walikubaliana wote, kwamba Pedio haioti ndizi.

Jumapili nikaenda nyumbani bila kujua lolote. Nikamkuta baba kwenye kiti chake. Tukasalimiana, ugonile, ndaga, habari za ng'ombe, habari za mvua. Kisha akauliza, "Mwanangu, huko Pelio watu wanakula nini?"

Nilicheka mpaka nikashika ukuta. Nilipoinua uso nikaona yeye hacheki. Alikuwa anatazama barabara, na mikono yake ilikuwa imeshikana magotini kama ilivyokuwa siku dada alipoondoka. Kicheko kikaniishia. Nilimpenda yule mwanamume wa mawe, na nilijua kabisa kwamba baba akisema hapana nisingeweza kumwachia kiti kile akikalie kwa ajili ya watoto wawili.

Kesho yake asubuhi nikamvamia fundi kibandani kwake. Nikamwambia pedioni si mahali. Hakuinua hata macho kutoka kwenye cherehani.

"Mjini, sokoni, kanisani, shambani," akasema. "Pedioni. Hiyo 'ni' ya mwisho ni ya mahali, binti yangu. Na yeye mwenyewe kasema 'kwangu'. Mtu akisema kwangu ni Masoko, wewe utaelewa nini? Kwamba Masoko ni jiwe?"

"Fundi, ni uso wa jiwe!"

"Basi angesema uso. Neno uso lipo. Nani kamnyima?"

Nikamwendea mchumba nikiwa natoka moshi. Naye, kwa ule ukweli wake uliokuwa ukinichosha, akakuna kichwa akasema, "Lakini kwa Kigiriki hajakosea sana. Ni uwanda. Uwanda ni mahali." Nikamwambia akithubutu kuyasema hayo mbele ya baba nitamrudishia mawe yake moja moja, kwa kasi.

Tukakubaliana aende mwenyewe akaeleze. Tomalini ilikuwa ndogo mno kwa macho ya wazee, kwa hiyo akanunua mche mzima wa sabuni, ule mrefu wa kufulia, akaja nao kwapani. Wazee wa ukoo walikuwa wamekaa ukumbini, baba na ndugu zake, shangazi kando yao, na fundi kama shahidi. Mchumba akasalimu kwa heshima zote, akachuchumaa kabisa, akatoa kisu, akaanza kuchonga sabuni.

Lazima mtu akumbuke tulikotoka. Mama yangu alikuwa mwanamke aliyewahi kukata kipande cha sabuni kwa uzi ili agawane na majirani watatu. Sasa anaona mkwe mtarajiwa anakwangua mche mzima unadondoka sakafuni. Aliinuka, akaleta bakuli, akawa anakinga maganda chini ya kisu. Mchumba akidhani ni desturi ya huku, akamshukuru na kuendelea.

"Huu upande na huu," akasema akionyesha, "ni mtu na mwenzake. Hii ni pinakoidi. Lakini huku mwisho nimechonga ncha, na huku mwisho mwingine ni bapa. Huu bapa hauna mwenzake. Huu ndio pedioni. Nilitaka kusema binti yenu hana mwenzake."

Baba mdogo akauliza, "Kwa nini asiwe na mwenzake? Ana kasoro gani?"

"Hana kasoro, mzee. Ni yeye tu."

"Kama hana mwenzake," akasema shangazi, "basi wewe umefuata nini hapa?"

Shangazi akachukua ile sabuni, akaigeuza. "Na hii pinakoidi, hawa wawili wanatazamana tu? Hawakutani?"

"Hawakutani, shangazi. Ni sambamba."

"Ndiyo ndoa anayoitaka huyu?" shangazi akawauliza wazee, na baba mdogo akacheka hadi akatema chai. Nilitamani ardhi ipasuke, tena itoke na nyuso zake zote.

Baba peke yake hakucheka. Alisubiri watulie, akasema kwa upole, "Kijana, nimekusikia. Unasema Pelio si mahali. Lakini jilani yangu amelala huko. Utingo ameshusha watu. Mama wa kwaya amevaa nguo ya huko. Wewe peke yako ndiye unayesema haipo." Akamtazama kwa huruma ya kweli. "Mtu anayekana kwao, nitampaje mtoto?"

Kwa namna yake lilikuwa swali zuri. Baba akaamua. Kwanza ataiona Pelio kwa macho yake. Akishaiona, ndipo wataongea habari za posa. Mama akabeba bakuli lake la maganda, na sabuni ile ilifulia nyumba nzima mpaka kiangazi.

Hebu fikiria sharti hilo. Tulitakiwa kumpeleka mzee mahali ambapo hapapo. Njiani kurudi Tukuyu nililia kwa hasira, nikamwambia mchumba maneno ambayo siyaandiki. Yeye alitembea, mawe yakigongana mifukoni. Tulipokaribia mjini akasema tu, "Kama haipo, tutaiweka."

Akaiuza ile tomalini. Aliipeleka kwa mnunuzi aliyekuwa anapita, wa kwanza ambaye hakusema imevunjika, na aliporudi aliniambia kwa sauti ya msiba kwamba imekwenda kwa mtu anayeijua. Kwa alichopata alinunua kiwanja kidogo Kawetele, nje kidogo ya mji, akainua nyumba ya vyumba viwili ya matofali ya udongo. Bati zilitosha. Saruji haikutosha. Alipiga lipu ukuta wa mbele, ukang'aa, na kufikia kona saruji ikaisha. Pande nyingine tatu zikabaki udongo mtupu.

Fundi alikuja kukagua, akaizunguka nyumba yote mikono nyuma. "Ina uso mmoja tu," akasema. "Hauna mwenzake."

Mchumba wangu alikaa chini kwenye tope akacheka. Kisha akaomba rangi iliyobaki kwa mchoraji wa vibao vya maduka, akapanda juu ya kopo, akaandika juu ya mlango kwa herufi kubwa: PEDIONI. Fundi alisimama pembeni kuhakikisha hakosei. Tangu siku hiyo mpaka alipofariki hakuacha kunikumbusha kwamba alisema mapema ni mahali.

Fundi akajitolea kwenda mwenyewe kumchukua baba. Alimwambia, "Mzee, jiandae, kesho twende Pedioni." Baba alijiandaa kwa safari ya Pedio niliyoelezwa baadaye na mama: koti zito, blanketi, sufuria, chumvi kidogo kwa kuwa hakuamini chumvi ya watu, na kitu kirefu kilichofungwa kwa majani makavu ambacho hakutaka mtu akibebe. Mama alimuaga kama anayekwenda vitani. Kutoka Masoko hadi Kawetele ni mwendo wa asubuhi moja ukitembea bila kusimama kusalimia, lakini sijamwona Mnyakyusa wa kutembea hivyo. Wakafika alasiri.

Mimi na mchumba tulikuwa mlangoni. Baba alisimama barabarani na mzigo wake akasoma kile kibao polepole, herufi kwa herufi. Akatazama mlima Rungwe ulivyokaa palepale unapokaa siku zote. Akamtazama fundi.

"Hapa?"

"Ndipo," akasema fundi.

"Hapa ni Kawetele. Hapa nilikuwa nakuja kununua ndama."

"Kawetele ni mtaa. Pedioni ni kwake."

Baba akaizunguka nyumba kama alivyofanya fundi, akagusa lipu, akagusa udongo, akarudi mbele. Nilimwona anajizuia, midomo ikicheza, halafu akashindwa. Alicheka kicheko ambacho sikuwa nimekisikia tangu dada aolewe. Akasema, "Ndaga fijo," asante sana, na sikujua anamshukuru nani. Akaweka mzigo chini akaufungua. Ndani ya yale majani kulikuwa na miche miwili ya migomba, mibichi, na udongo wa Masoko umeshikana na mizizi.

"Waliniambia Pelio hakuna ndisi," akasema.

Akaomba jembe. Akachimba shimo nyuma ya nyumba, upande usio na lipu, akapanda mche mmoja, akaukanyagia udongo vizuri. Mgomba huo umezaa vizazi, na leo kituo cha basi cha pale barabarani kinaitwa Pedioni na makonda wanakitaja bila kujua wanataja nini. Lakini siku ile alipanda mmoja tu. Wa pili aliurudisha kwenye majani yake, akaanza kuufunga tena kwa kamba.

Nikamwambia, "Baba, nafasi ipo. Panda na huo."

"Huu si wako," akasema bila kuinua kichwa. "Huu ni wa dada yako. Nimefikiri njiani. Kama Pelio yenyewe ni hapa, basi na kule kwake huenda si mbali kama walivyotuambia."

Nilimtazama fundi, mtu ambaye hakuwahi kukosa la kusema. Alikuwa anafuta miwani kwa pindo la kanzu. Mchumba wangu aliingia ndani, akatoka na lile koti la mifuko mingi, akalivaa. Akauchukua ule mche mikononi mwa baba taratibu, akamwuliza wataondoka lini.